Mwenye Fedha na Mwenye Njia

Liko swali ambalo mtu hulijibu upesi akiwa amekaa kitini, lakini hulijibu kwa taabu akiwa amesimama mlimani. Watu wawili wakisafiri pamoja, mmoja ana fedha na mwingine anaijua njia, ni nani kati yao astahiliye kuwa na neno la mwisho? Akaaye kitini husema bila ya kusita kuwa ni mwenye njia. Lakini apandaye mlima, ambaye ndiye aliyelipa, na ambaye kilele kimo machoni pake, huanza kuona kuwa swali hilo ni gumu kuliko alivyodhani.

Swali hili si la vitabuni tu. Katika Westlands, upande wa magharibi wa jiji la Nairobi, si ajabu siku ya Jumamosi kabla ya mapambazuko kuona kundi la watu wenye mikoba mgongoni na fimbo mikononi wakingojea gari. Aghalabu ni watu wa maofisi na mabenki, ambao siku tano za juma hukaa mezani, na siku ya sita hutaka kuipima miguu yao. Wako waendao vilima vya Ngong, na wako waendao Longonot. Walio na moyo mkubwa zaidi huelekea safu ya Nyandarua, kwenye kilele kiitwacho Kilima cha Tembo, wakiwa na nia ya kupanda na kurudi siku iyo hiyo.

Gari lao hufuata Barabara ya Waiyaki, likapita Kikuyu na Limuru, likaiacha barabara kuu mahali paitwapo Flyover, likaingia Kinangop hata Njabini. Hapo wageni huungana na kiongozi wa njia, na pia askari wa misitu mwenye bunduki, kwa sababu msitu ule una tembo na nyati, na wanyama hao hawajui tofauti ya mgeni na mwenyeji.

Yafaa msomaji afahamu ni mambo gani yanayomngojea mpandaji. Westlands iko kiasi cha mita 1,700 juu ya usawa wa bahari. Kilima cha Tembo kimepita mita 3,500. Basi mtu aliyelala kitandani pake Ijumaa usiku huwa, Jumamosi adhuhuri, amepanda angani zaidi ya mita 1,800. Katika kimo hicho kanieneo ya hewa ni takriban thuluthi mbili tu ya ile ya pwani, na kila pumzi huleta hewa haba kuliko mwili ulivyozoea. Kwa kila mita 1,000 za kupanda, joto hupungua kwa kiasi cha digrii 6. Njia hupita kwanza katika msitu, kisha katika mianzi iliyosongamana na matope yenye utelezi, halafu hutoka penye uwazi wa nyasi na upepo. Hapo mpandaji hudhani kuwa kazi imekwisha, kumbe akiinua macho huona kilele kingali mbali. Wapandaji wamepapa mahali hapo jina lipasalo: Mahali pa Kukata Tamaa.

Tuchukue mfano. Kundi la watu kumi limepita mahali hapo. Ni saa 7 mchana. Ukungu umeanza kushuka, na mvua iko nyuma yake. Mmoja wao anaumwa na kichwa na ametapika mara mbili. Kiongozi anatazama juu, anatazama saa, anasema, "Jamani, hapa tugeuke." Mtu mmoja mwenye cheo kikubwa mjini anamjibu, "Mzee, sisi tumelipa tufike juu. Kilele si kile pale?"

Neno lake si la kipumbavu. Kilele ki pale kweli, na fedha amelipa kweli. Mtu huyu hana nia mbaya. Ameamka saa 10 za usiku, ametoka jasho, amevumilia matope, na sasa anaambiwa aache kitu ambacho anakiona kwa macho yake. Lakini jicho hupima umbali wa kwenda, wala halipimi umbali wa kurudi. Waswahili walikwisha kusema kuwa kupanda mchongoma, kushuka ndiyo ngoma. Katika nchi yetu jua huchwa karibu na saa 12 na nusu jioni mwaka mzima, na haliongezi hata dakika kumi kwa ajili ya mtu aliyelipa. Mianzi iliyokuwa na kiza mchana huwa kaburi la macho usiku, na tembo hutembea.

Basi na tuulize: fedha yake ilinunua kitu gani? Abiria wa jahazi hulipa nauli, lakini halipi ili ashike usukani. Mgonjwa hulipa tabibu, lakini halipi ili aambiwe ugonjwa aupendao. Vivyo hivyo, aliyemlipa kiongozi amenunua siku moja ya miguu yake, na zaidi ya miguu amenunua ujuzi wake. Ujuzi huo hauna kazi kubwa njia inapokuwa nyeupe na jua linawaka, maana hapo hata mtoto angefuata nyayo. Kazi yake ni katika saa ile moja ambapo unasema neno lisilopendwa. Amnyamazishaye kiongozi katika saa hiyo amenunua taa mchana, akaizima usiku ili asitumie mafuta.

Wako watakaosema kwamba mtu mzima yu huru, na akitaka kuhatarisha uhai wake ni shauri lake. Hoja hii ina uzito, kwa kuwa utu hauwezi kusimama pasipo uhuru. Lakini mlimani hakuna aangukaye peke yake. Akivunjika mguu, watu wengine watamchukua mabegani katika matope yale yale. Akipotea gizani, watu wengine wataacha watoto wao na kwenda kumtafuta penye nyati. Na yule mwenzake mgonjwa, ambaye dawa yake ya kwanza ni kuteremka, angoje mpaka lini? Uhuru wa mtu hukoma pale ambapo gharama yake huanza kulipwa kwa mwili wa mtu mwingine.

Wako pia watakaosema kuwa mtu aliyesoma hawezi kutawaliwa na mtu ambaye pengine hakumaliza shule. Historia ya milima yetu ina jibu la hoja hii. Tarehe 11 Mei 1848, Johannes Rebmann, mmishenari aliyetoka Ujerumani, aliuona weupe juu ya Kilimanjaro. Alimwuliza kiongozi wake weupe ule ni nini, akajibiwa kuwa ni baridi. Mwaka uliofuata, tarehe 3 Desemba 1849, mwenzake Ludwig Krapf aliuona Mlima Kenya kutoka Kitui, na habari za mlima huo alikuwa amepewa na Kivoi, mkuu wa Wakamba. Huko London mwanajiografia mmoja, William Desborough Cooley, mwenye vitabu vingi na hoja nyingi, aliandika kukanusha kuwa iko theluji karibu na ikweta. Kiongozi yule hakuwa na jina la theluji, lakini alijua kuwa kitu kile ni baridi. Cooley alikuwa na jina lake, ila hakuijua baridi yake. Elimu ya kitabu ni njema, lakini kila elimu ina mahali pake pa kuwa mkuu. Husemwa kuwa asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Na mlimani mkuu si mwenye cheo wala mwenye umri, bali ni yule aliyepita njia ile mara nyingi akarudi.

Hata hivyo, tukisema tu kuwa mgeni amtii kiongozi, tumesema nusu ya jambo. Kiongozi naye ni mtu, na ana tumbo. Ana karo ya watoto na deni la dukani. Anajua kuwa wageni wakirudi wamenuna, huenda wasimpe bahashishi, na safari ijayo wakamtafuta mwingine asemaye "ndiyo" kwa urahisi. Hapo ndipo kweli inapokuwa ghali, na ghali zaidi kwa maskini. Wala mtego huu hauwategi maskini peke yao. Mwezi wa Mei 1996, katika Mlima Everest, wateja walikuwa wamelipa fedha nyingi sana ili wapelekwe kileleni na viongozi mashuhuri. Saa ya kugeuka ilipita, na baadhi ya watu waliendelea kupanda. Dhoruba ikawakuta wakiwa juu. Katika tarehe 10 na 11 za mwezi huo watu wanane walikufa mlimani, na miongoni mwao walikuwamo viongozi wawili wenyewe, Rob Hall na Scott Fischer. Hatuwezi kuwahukumu marehemu, maana kila tanzia ina sababu nyingi. Lakini twaweza kujifunza kuwa hata bingwa huona shida kutamka "turudi" mbele ya mtu aliyelipa ili afike.

Kutokana na hayo, wajibu uko pande mbili. Kiongozi ana wajibu wa kutouza kweli yake, kwa sababu ndiyo bidhaa asiyoweza kuinunua tena ikishapotea. Mgeni naye ana wajibu mkubwa zaidi, nao ni kumwondolea kiongozi hofu ya kusema kweli. Wajibu huu hautimizwi kwenye ukungu. Hutimizwa chini, langoni, damu ikiwa bado imepoa. Mwenye fedha na aseme mbele ya wenzake wote: "Mzee, ujira wako ni huu huu, tukifika au tusifike. Tuambie saa ya kugeuka, nasi tutaifuata." Maneno hayo hayagharimu hata senti moja zaidi, lakini yanaweza kuokoa roho za watu.

Wala utii huo si utumwa. Kuuliza si ujinga, na kiongozi mwema hachukii kuulizwa. Kiongozi anaweza kukosea kama mtu yeyote, na asiyejali mgonjwa au asemaye "twende" penye hatari hastahili kufuatwa. Kwa hiyo mgeni na achague kwa makini, aulize mengi kabla ya safari, na aseme anachokiona njiani. Lakini akishauliza na kujibiwa kwa sababu zilizo wazi, asigeuze ubishi kuwa ushujaa. Kugeuka hatua mia tano chini ya kilele, ukiwa bado una nguvu za kwenda, hutaka moyo mkubwa kuliko kuendelea, kwa maana anayeendelea husukumwa na tamaa, na anayegeuka hana wa kumsukuma ila akili yake.

Ninyi mnaosoma leo shuleni, wengi wenu mtakuwa watu wa kulipa kesho. Mtaajiri madereva, mafundi, wauguzi na walinzi, watu wanaojua mambo msiyoyajua. Siku itakuja ambapo mmoja wao atasimama mbele yenu na kusema neno msilolitaka. Basi tukirudi kwenye swali letu, jibu ni hili: neno la mwisho ni la mwenye njia. Lakini neno la kwanza, lile limwezeshalo mwenye njia kusema bila ya hofu, ni la mwenye fedha. Na asipolitamka yeye, hakuna mwingine awezaye kulitamka kwa niaba yake.