Kamera Ikichelewa Kilombero

Bernhard Grzimek, mkuu wa bustani ya wanyama ya Frankfurt, alianza kipindi chake cha televisheni mwaka 1956, akadumu nacho zaidi ya miaka 30, mara nyingi akiwa na mnyama hai mezani pake. Filamu ya Serengeti aliyoitengeneza pamoja na mwanawe Michael, wakiruka kwa ndege yenye mistari ya pundamilia, ilishinda Oscar mwaka 1960. Michael hakuiona tuzo hiyo: Januari 1959 ndege iligongana na tai, naye akazikwa ukingoni mwa Ngorongoro.

Mtangazaji wa maumbile hupenda uwanda kama ule, nyasi fupi na nyumbu kwa malaki. Bonde la Kilombero ni jingine. Masika yakikolea, maji ya mito ya Ruhudji na Mnyera hutanda kama bahari ndogo kuelekea Ifakara, sheshe wakatafuta pakavu, na matete yakafunika kilichobaki. Kaskazini milima ya Udzungwa imesimama wima na msitu wake. Naamini Muumba hakukusudia tupaone kwa mara moja.

Mwaka 1979 watafiti wawili, Katherine Homewood na Alan Rodgers, walisikia juu ya kijiji cha Sanje mlio wa kima usiofanana na wowote wa milima ile. Anaanza kwa mguno mzito, kisha anabubujika kama maji yanayotoka mtungini. Wanakijiji walimjua tangu zamani. Sayansi ndiyo iliyokuwa haijamsikia. Sikio lilimpata kabla ya kamera.

Tena kuna kwale mmoja. Mwaka 1991, kambini katika msitu wa Udzungwa, mwanabiolojia kutoka Denmark alichungulia chungu cha mchuzi akaona miguu ya ndege asiyemfahamu. Mboga ikageuka habari ya dunia. Uchunguzi ulionyesha kwamba ndugu zake wa karibu wako misitu ya Asia, ng'ambo ya Bahari ya Hindi. Ni nani aliyewatenganisha, na lini, mpaka huyu akabaki huku Udzungwa? Subhana! Hapo hata mtangazaji hodari angenyamaza kidogo.

Chini bondeni yupo mnana wa Kilombero, wa manjano, aliyetambulishwa rasmi mwaka 1990. Hapatikani popote pengine duniani. Anasuka kiota chake kwenye matete yaleyale ambayo wakulima wa mpunga wanayafyeka, nami siwalaumu, maana wali wa Kilombero naupenda.

Ningeulizwa ni nani atangaze bonde hili, ningemtafuta kijana wa Kindamba aliyekulia mtumbwini, anayejua samaki wanapopita maji yanapopanda, na anayetambua ndege kwa mlio kabla hajamwona. Kuongea mbele ya kamera atajifunza njiani.