Hakimu na Hofu ya Kaisari

Je, hakimu hupotoka kwa kuwa haijui haki? Mara nyingi aijua, ila achelea kupoteza cheo chake.

Pilato aliona wazi kwamba Nabii Isa a.s. hana hatia. Lakini Injili ya Yohana (19:12) yaeleza jinsi washitaki walivyomtisha kwamba akimwachilia, yeye si rafiki wa Kaisari. Papo hapo siasa ikakalia kiti cha hukumu, naye akamtoa atundikwe msalabani.

Mwaka 1897, huko Bara Hindi, mmisionari Dakta Henry Martyn Clark alimshitaki Masihi Aliyeahidiwa, Seyidna Ahmad a.s., kwamba alimtuma kijana kumwua. Aliyesikiliza kesi ni Kapteni Douglas, hakimu wa wilaya ya Gurdaspur, Mwingereza na Mkristo kama mshitaki. Hata hivyo aliyatilia shaka maneno ya kijana, akaamuru aondolewe mikononi mwa wamisionari. Ndipo kijana akakiri kuwa alifundishwa kusema uwongo. Tarehe 23 Agosti Douglas akamwachilia mshitakiwa.

Kurani Tukufu (5:9) yatuamuru kwamba uadui wa watu usitutoe katika uadilifu. Ikiwa Mkristo yule aliyatenda hayo, Mwislamu anayehukumu kwa kufuata chama au kundi lake atajibu nini mbele ya Mola?

Nawe pia u hakimu, nyumbani na kazini. Siku ndugu yako wa imani atakapomshitaki mtu wa dini nyingine, utatazama nani msema kweli, au nani wako?