Shimo Lisingemwongezea Mtu Umri

Hadithi za kubuni za kisayansi zina matundu ya ardhini ya ajabu. Yanafanana na yale yanayofuka gesi ya salfa kwenye kasoko ya Kibo mlimani Kilimanjaro, ila mtu akishuka humo kwa saa moja, akitoka anakuta miaka mia imepita. Wengi huona kwamba mwenye tundu kama hilo ameushinda umri. Mimi naona hajashinda chochote. Aliyekaa saa moja ameishi saa moja. Uji aliokunywa asubuhi bado uko tumboni. Alichokipata ni hasara ya miaka mia ambayo angeishi na watu wake. Dai langu ni kwamba wakati wenye uzito katika dini na maadili ni ule tunaoushiriki na wenzetu, wala si ule unaopimwa na mwili wa mtu mmoja au saa aliyoivaa mkononi.

Wazo la wakati kupindika si upuuzi. Einstein alionyesha kwamba saa iliyo chini, mahali mvutano wa dunia unapoelemea zaidi, huenda polepole kuliko iliyo juu. Saa ya atomiki kwenye kilele cha Kilimanjaro, mita 5,895, ingeitangulia ya ufukweni Tanga kwa takriban sehemu 20 za milioni ya sekunde kila mwaka. Tofauti hiyo haionekani kwa macho, lakini ipo. Mwili nao hupotoka katika kuupima wakati, tena vibaya zaidi. Mwaka 1962 mtaalamu wa miamba Mfaransa, Michel Siffre, alikaa takriban miezi miwili kwenye pango lenye barafu katika milima ya Alps, bila saa wala mwanga wa jua. Alipopiga simu juu, alijaribu kuhesabu moja hadi 120, namba moja kila sekunde. Ilimchukua kama dakika tano. Septemba alipoambiwa muda umekwisha, kwa hesabu yake ilikuwa bado Agosti 20. Hakuna aliyesema kwamba kalenda ya dunia ndiyo iliyokosea. Siffre mwenyewe aliipokea tarehe ya wenzake, kwa kuwa hesabu ya mtu aliye peke yake haina wa kuisahihisha.

Ushahidi mzito zaidi naupata katika Sahihi Muslim, mkusanyiko wa hadithi za Mtume Muhammad. Mtume alipowaeleza maswahaba kwamba katika siku za Dajali, yule mdanganyifu wa zama za mwisho, kutakuwa na siku moja ndefu kama mwaka, hawakuuliza jua litawezaje kusimama. Waliuliza kama sala za siku moja zitatosha kwa siku hiyo. Akawajibu hapana, wakadirie. Swali lao linanigusa sana, maana ni la watu wanaojali wajibu wao kuliko maajabu. Jibu nalo lina maana kubwa: jua likiacha kazi yake, kipimo ambacho jamii ilikwisha kukizoea kinaendelea kuwafunga. Wanazuoni waliijenga juu ya hadithi hiyo hukumu ya miji ya kaskazini ya mbali, ambako jua la kiangazi halizami kwa wiki nyingi. Waumini wa huko hufuata nyakati za mji wa jirani wenye usiku na mchana, au za Makka.

Kuna atakayeniambia: mbona Watu wa Pangoni wanaotajwa katika Qurani, ambao Wakristo pia waliwasimulia kama vijana wa Efeso, walilazwa miaka mia tatu na ushei, na ikawa rehema kwao? Ni kweli, walihifadhiwa. Lakini walipoamka walidhani wamelala siku moja au chini ya hapo, kwa hiyo hawakuonja hata mwaka mmoja wa nyongeza. Mmoja wao akatumwa mjini na fedha akanunue chakula, na kwa masimulizi ya wafasiri, sarafu ile ya mfalme wa zamani ndiyo iliyowafichua. Surat al-Kahf inaeleza sababu ya kugunduliwa kwao: watu wajue kwamba ahadi ya ufufuo ni kweli. Faida iliwaendea watu wa nje, waliokuwa wameziishi karne hizo.

Pingamizi gumu zaidi ni la haki. Je, aliyeishi saa moja adaiwe sala za miaka mia? La. Aliyelala hahesabiwi dhambi mpaka aamke, na huyu hata hakulala; hizo siku hazikumpitia. Hapa nakiri kwamba wajibu wake kwa Mola unafuata alichokiishi. Haki za watu ni jambo jingine. Mkewe akihukumiwa kuwa mjane, eda yake ya miezi minne na siku kumi itahesabiwa kwa mwezi unaoandama nje. Na kama aliazima fedha za kulipa baada ya mwaka, kisha akashuka tunduni, mkopeshaji na warithi wake wamesubiri mwaka baada ya mwaka. Hawezi kuwaambia kwamba kwake imepita saa moja tu. Deni limeiva, na ni lazima alilipe.