Dhara Lisiloonekana na Upendo kwa Jirani

Wakristo wengi tumezoea kuipima dhambi kwa nia. Aliyekusudia kuumiza ana hatia. Asiyekusudia tunamhurumia, tunamwombea mgonjwa, na maisha yanaendelea. Lakini tuseme nini juu ya dhara ambalo hakuna aliyelikusudia, lisilo na harufu wala sauti, linalojitokeza miaka kadhaa baadaye kwa mtoto anayeshindwa kusoma?

Tuchukue mfano wa madini ya risasi, yaliyomo ndani ya betri za magari na betri nyingi za sola. Zaburi ya 139 inastaajabia kazi ya Mungu tumboni mwa mama, na sayansi imetuonyesha sehemu ndogo ya kazi hiyo. Seli za ubongo huzungumza. Ujumbe unapofika mwisho wa seli moja, kalsiamu huingia kupitia milango midogo, na kuingia kwake ndiyo amri ya kuupitisha ujumbe kwa seli ya pili. Hivyo ndivyo mtoto anavyojifunza jina la mama yake.

Risasi inafanana na kalsiamu kiasi cha kuidanganya milango hiyo. Inapita palepale, inakalia nafasi isiyo yake, na ujumbe unavurugika: unaotakiwa kupita unafifia, na usiotakiwa unapita. Mtoto mdogo hufyonza mara nne hadi tano zaidi ya mtu mzima kwa kiasi kilekile alichomeza. Nyingine hujificha mifupani, na mama akipata mimba huweza kumfikia aliye tumboni. Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango kinachojulikana kuwa salama.

Jambo hili limetokea karibu nasi. Katika kijiji cha Owino Uhuru, Mombasa, kiwanda kilikuwa kikiyeyusha betri chakavu ili kupata risasi. Phyllis Omido, aliyefanya kazi hapo, aliugua mtoto wake, na vipimo vikaonyesha risasi mwilini mwa mtoto huyo. Mama huyo akaanza kuuliza maswali, akaendelea kuuliza hata alipotishwa. Mwaka 2020 mahakama iliamuru wanakijiji walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya.

Je, kuna dhambi hapa, au ni bahati mbaya tu? Kutoka 21 inatusaidia. Ng'ombe akimpiga mtu pembe kwa mara ya kwanza akafa, mwenye ng'ombe hana hatia. Lakini kama ng'ombe huyo alijulikana kwa tabia hiyo, mwenyewe akaonywa naye asimfunge, damu iko juu yake. Sheria haiulizi kama alimchukia marehemu. Inauliza alijua nini, na alipojua alifanya nini.

Nasi tumeonywa. Mwaka 1979 daktari Herbert Needleman wa Marekani alipima risasi katika meno ya utotoni ya wanafunzi, akaona wenye risasi nyingi walifanya vibaya zaidi katika vipimo vya akili na darasani. Ng'ombe huyu anajulikana.

Mtu atasema kiwanda kilileta ajira, na mwenye njaa hawezi kula onyo. Ni kweli, wala tusimtwike kibarua mzigo wa tajiri. Sheria ya Musa ilimdai mwenye ng'ombe, haikumdai mchungaji wa kukodiwa. Mwenye uwezo wa kuchagua ndiye atakayeulizwa zaidi. Lakini wengi wetu tunao uwezo huo kuliko tunavyokiri. Betri ya sola ya kanisa ikifa, tunamwuzia mnunuzi wa vyuma chakavu na kuweka fedha kwenye mfuko wa ujenzi, bila kuuliza itapasuliwa wapi, karibu na nyumba ya nani. Tunapaka rangi darasa la shule ya Jumapili kwa kutazama bei tu, ilhali baadhi ya rangi zina risasi.

Kumpenda jirani, basi, ni pamoja na kutaka kujua. Asiyejua anaweza kusamehewa. Anayekwepa kujua ili alale usingizi amekwisha kuchagua. Kabla ya kuuza betri ijayo, wazee wa kanisa na waulize inakokwenda. Ni swali dogo, nalo huenda likamkinga mtoto ambaye hatutamwona kamwe.