Dago la Miaka Sitini

Mvuvi wa Kojani hasemi anahama. Anasema anakwenda dago. Kaskazi ikiingia, vyombo huizunguka Pemba kwa upande wa juu, vikavuka mkondo, watu wakapiga kambi Vanga, Shimoni, Gazi, hata Kilifi. Kusi ikija wanarudi kwao. Mababu walifanya hivyo bila kuulizwa neno, kwani ukanda wa mwambao wa Kenya, ingawa Mwingereza ndiye aliyeuendesha, ulikuwa milki ya Sultani wa Zanzibar.

Nitawatolea mfano wa ndugu wawili, niliowaunga kwa vipande vya watu wengi. Walivuka dago la 1963, wangali vijana. Oktoba mwaka ule Sultani aliridhia ukanda wake uingie Kenya, na tarehe 12 Desemba Kenya ikawa huru. Samaki hawakuambiwa. Mwezi mmoja baadaye yakatokea mapinduzi Unguja, na ndugu wale wakaona bora wangoje mambo yatulie. Wakaoa. Wakajenga.

Sheria haikungoja. Aliyezaliwa Kenya na mzazi aliyezaliwa humohumo alikuwa raia papo hapo. Wengine waliostahili walipewa miaka miwili wajiandikishe. Mkubwa alipoambiwa akacheka: "Yakhe, mimi mtu wa dago. Kusi ikija naondoka."

Mdogo alikwenda kwa chifu.

"Kabila?"

"Mpemba."

"Hilo halimo, bwana. Kafikirie."

Akafikiri wiki moja, akarudi Mdigo, akapewa kipande, yaani kitambulisho.

Mmarekani, ambaye kwao ni mbali na Unguja kuliko Kojani na Shimoni, hakuzifanyia karatasi mchezo. Majahazi ya Salem, Massachusetts, yalipokuja kutafuta pembe na sandarusi, wenyewe hawakutegemea mazoea tu: mkataba na Seyyid Said ukatiwa saini 1833, na 1837 Richard Waters akakaa Unguja kuwa konseli wao. Kitambaa walichokileta tunakiita merikani hadi leo, kwa jina la kwao. Mpemba yeye alikuwa jirani, na ujirani ndio uliomlaza.

Mkubwa alizinduka uzeeni. Kwanza aliona ni udhia tu: polisi wakimkuta hana kipande, anatoa kidogo anaachiwa. Kisha watoto wakawa hawapati vyeti vya kuzaliwa. Kisha ikaja simu. Bila kipande husajili laini, na bila laini huna M-Pesa, na siku hizi mnunuzi wa samaki hataki kushika noti. Akamwomba jirani amsajilie laini kwa jina lake. Jirani alipohamia Malindi, na pesa zilihamia Malindi.

Sheria ya uraia ya 2011 iliwafungulia mlango watu wasio na nchi waliokuwako Kenya tangu siku ya uhuru, ila mlango wenyewe ulikuwa mzito. Wamakonde wakatangulia kuingia, wakafuata Washona. Wapemba walisubiri hadi Julai 2023, Rais Ruto alipowatambua huko Kilifi kuwa moja ya makabila ya Kenya. Jina ambalo chifu alisema halimo, sasa limo.

Mkubwa alipanga foleni tangu alfajiri, kanzu imepigwa pasi, na mdogo wake kamshika mkono kwa sababu macho yamekwisha. Afisa, kijana mwenye adabu, akampa kiti.

"Mzee wangu, una ndugu wa kukushuhudia kwamba wewe ni Mpemba?"

"Ninaye, mwanangu. Huyu hapa. Tumbo moja, ziwa moja, tulivuka chombo kimoja."

Afisa akakipokea kipande cha mdogo, akakigeuza, akatazama kwenye kompyuta, akawatazama wote wawili.

"Lakini mzee, huyu ni Mdigo."