Wewe Umefukia Nini?

Vijana wenzangu, Jumamosi Kuu, Aprili 7, 2012, tukiwa tunapamba kanisa hapa Dodoma, habari zikatufikia: Steven Kanumba amefariki. Miaka 28 tu! Kijana wa Shinyanga, alianzia kwenye tamthilia za Kaole kule ITV, halafu akaandika, akaongoza na kutengeneza filamu mwenyewe.

Usiku, mshumaa wa Pasaka ulipowashwa, nikaukumbuka mchezo niliowaandikia vijana wa parokia. Miaka miwili uko chini ya godoro, eti naogopa kuchekwa! Nikajiona yule mtumwa wa Mathayo 25, aliyefukia talanta. Jumatatu ya Pasaka nikampelekea Paroko.

Jamani, wewe umefukia nini? Kifukue leo. Amina.