Jumba na Dhamiri

Katika filamu ya Kikorea iitwayo Sado (2015), iliyoongozwa na Lee Joon-ik, jumba la kifalme si pambo tu, bali nalo lasimulia. Mwaka 1762 Mfalme Yeongjo alimfungia mwanawe, Sado, katika kasha la mchele, naye akafa baada ya siku nane. Kasha hilo twaliona uani, mbele ya macho ya watu. Katika nyua za kumbi za enzi za Korea, mawe yalimwonyesha kila afisa mahali pa kusimama kwa kadiri ya cheo chake. Je, jengo laweza kuchukua lawama ya wanyamazao? La, hasha! Mwana wa Sado, mtoto wa miaka tisa, aliingia kumwombea babaye. Hakuuliza asimame wapi.